Faili la Maabara

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Natumaini goti limeacha kukusumbua unapokanyaga cherehani, na kwamba shangazi na watoto wake hawajambo. Mimi mwili mzima, chakula kinapita, ila tangu Jumatatu nina jambo la kukueleza.

Kazi hospitalini inaendelea. Hapa haikohoi kompyuta bila mimi kuitwa. Wauguzi wananiita Profesa nami siwakatazi; shule niliishia njiani, lakini hawajawahi kuniomba cheti.

Jumatatu asubuhi kompyuta ya maabara iligoma. Programu ya kusajili damu ilifunguka nusu, ikatoa maandishi ya kosa, ikajifunga. Mkuu wa maabara, ambaye siku zote hutembea kama mtu anayetafuta kiatu, safari hii alikuja mbio. Akasema wodini kuna mama aliyejifungua na damu haikatiki, nao hawawezi kuona mfuko upi wa damu ni wa kundi gani, maana mifuko ina namba tu, makundi yamo kwenye kompyuta. Ikabidi wapime upya kwa mkono, mfuko mmoja mmoja. Saa mbili nzima, nami bado sijajua mashine inaumwa nini. Mume wa yule mama alisimama kwenye korido ameshika kandambili za mkewe, na mimi nikawa nazunguka upande wa nyuma nisikutane na macho yake. Namshukuru Mungu, mama alipona na mtoto yupo.

Ngoja nikueleze ugonjwa wenyewe, maana wewe fundi utaelewa upesi kuliko mkuu wetu. Ndani ya kompyuta kuna mafaili ambayo si ya programu moja. Yanatumiwa na wote, kama bomba moja kwenye nyumba ya wapangaji kumi. Mchezo unachota hapo, programu ya damu inachota hapo hapo. Sasa mtu akileta faili la zamani lenye jina lile lile akaliweka juu ya jipya, ni kama wewe kuchomeka sindano ya cherehani kuukuu kwenye cherehani jipya: tundu linaikubali, lakini kitambaa kinachanika. Dawa yake ni kurudisha faili sahihi. Nililichukua kwenye kompyuta pacha ya ofisi ya dawa, nikawasha upya, dakika kumi kazi imekwisha. Walinipigia makofi, Mama. Nikainama kama bwana harusi.

Kisha wakauliza nani aliingia maabara Jumapili. Katika daftari la funguo lilikuwepo jina moja tu, la mama wa usafi. Huyu ana miaka kumi na tisa hapa, na ndiye aliyenipa godoro nilipofika sina kitu. Wakasema amevuta waya kwa fagio akaharibu mashine. Alikana. Wakamwambia Alhamisi saa mbili asubuhi aende kwa mganga mkuu na funguo zake zote.

Mama, ni mimi.

Mimi nina ufunguo wangu, siandiki kwenye daftari. Jumapili mchana nilikuwa zamu, nikapakia mchezo wa magari kwenye ile kompyuta kwa sababu ndiyo yenye nguvu kuliko zote. Mchezo ukalalamika kuwa faili fulani haliuafiki. Njia halali ilikuwa kuufuta na kuupakia upya, faili lake likae ndani ya folda yake. Mimi Profesa nikaona hiyo ni njia ya wanafunzi. Nikachukua faili la kwenye diski kuukuu, nikaliweka juu ya lile la wote. Mashine iliniuliza mara mbili kama nina hakika. Nikabonyeza ndiyo, kama mtu anayefukuza nzi.

Leo ni Alhamisi. Naandika nikiwa kwenye benchi nje ya mlango wa mganga mkuu, karatasi iko juu ya goti, ndiyo maana mwandiko umelala. Mama wa usafi amekaa kando yangu, funguo mapajani. Aliponiona alinishika bega akasema, "Afadhali umekuja, mwanangu. Wewe ndiye unayejua hizi mashine, utanisemea."

Nimemwambia ndiyo, nitamsemea. Mlango umefunguliwa, na nimemwomba nitangulie mimi.

Wasalimie wote nyumbani. Wateja wakikuuliza kazi yangu, wiki hii waambie tu kwamba nipo.

Mwanao akupendaye,
Kitinda mimba wako