Kaburi Upande wa Kushoto

Homa Bay, Jumanne, Agosti 1966

Upande wa kulia! Niliandika kwenye mswada wa filamu kwa Kifaransa, nikaandika tena kwa Kijerumani ili mwongozaji asipate kisingizio: kwetu mume anazikwa kulia kwa nyumba. Kushoto ni kwa mke.

Leo nimerudi kutoka Sori kutafuta mtumbwi wa filamu, nikakuta watu wake wameshaanza kuchimba kaburi la mume kushoto. Tena kwenye boma letu nililowaazima! Kando ya nyumba ya mama yangu, ambaye yu mzima na alikuwa akipika.

"Mwanga ni mzuri upande huu," mwongozaji akaniambia. "Kule Berlin nani atajua?"

Mshenzi!

Miaka saba Paris nimewaandikia wengine filamu, majina yao yakatokea kwenye skrini, langu hata kwa dawa halikuonekana. Hii ndiyo ya kwanza kubeba jina langu. Ndiyo maana, na hapa niseme ukweli, sikumpokonya mtu jembe. Niliwaacha wachimbe mpaka wakamaliza kupiga picha.

Wameenda hotelini, shimo wameliacha wazi. Kwetu kaburi likishachimbwa haliachwi bila kitu. Nimelaza shina la mgomba ndani badala ya maiti, nikafukia peke yangu.

Mama alisimama mlangoni akinitazama. Hakulia. Aliuliza tu, "Nyathina, mwanangu, jina lako wataliandika kwenye hiyo filamu?"

Nikasema ndiyo.

"Waliandike kubwa. Watu wamjue aliyenichimbia."