Mume Wangu Hataki Jina la Mama Lisomwe Mbele ya Watu

Shangazi Bimdogo, shikamoo. Nakuandikia nikiwa na hasira na huruma pamoja, na vyote viwili ni kwa mtu mmoja, mume wangu Nestory, tunauza nyavu na kamba za wavuvi hapa Mabatini, duka ambalo marehemu mama yangu aliuza ng'ombe wake ili tulifungue. Mwaka huu tulikadiriwa kodi ambayo duka haliwezi kuibeba, tukajiandaa kukata rufaa, mara mama akafariki, Nestory akaenda kwetu Usagara akachimba kaburi, akalala nje na waombolezaji mpaka matanga yakaanuliwa, kumbe huku muda wa rufaa umepita. Tukaomba baraza la kodi lituongezee muda, na hapo ndipo aliponimaliza, maana kwa desturi ya kwao mama mkwe hatajwi jina, basi kwenye kiapo chake akaandika tu "nilipata jambo la kifamilia", bahati kaka yangu Mihayo naye aliapa, akaeleza msiba wote na jina la mama akaliweka, lakini uamuzi umetoka unasema hatukutoa sababu yoyote, kiapo cha Mihayo hakikuguswa hata kwa neno moja. Wakili anasema twende ngazi ya juu, Nestory hataki, anasema, "Mama Queen, siwezi kukaa nasikiliza mkwe wangu anatajwatajwa mbele za watu kama mshtakiwa, bora duka lifungwe." Shangazi, heshima hiyo ndiyo iliyonifanya nimpende, na sasa ndiyo inayotufilisi, je, nimsukume au nimwache?

Getruda, Mabatini

Marahaba, Getruda. Pole kwa mama, na hongera kwa mume. Wapo mama wakwe mjini hapa wanaotajwa jina kila siku, tena kwa matusi.

Lakini nyote wawili mnastahili kufinywa sikio. Nestory kwa kudhani baraza litaotea msiba wake, maana "jambo la kifamilia" laweza kuwa hata kipaimara. Na wewe kwa kuacha kiapo hicho kiende, nawe una macho.

Sasa sikiliza. Kuongeza muda ni hiari ya baraza, na huko juu hawatajiuliza kama wao wangekuwa na huruma zaidi. Mkienda kuulilia msiba upya mtarudi mikono mitupu. Watatazama kama hiari ile ilitumika kwa haki, na hiari si kufumba macho: mwenye kuamua lazima kwanza apime kilichowekwa mezani. Kiapo cha Mihayo kilikuwa mezani. Kusema hakuna sababu wakati ipo, hilo ndilo la kupeleka, msiongeze hadithi nyingine. Mkishinda hamjafutiwa kodi, mmefunguliwa mlango wa kusikilizwa.

Mwambie wakili apeleke rufaa wiki hii, maana siku za rufaa hazingoji mtu aanue matanga.

Na wewe Nestory, najua unasoma begani kwa mkeo. Desturi imekukataza wewe kulitaja jina, haikumkataza wakili. Mama huyo aliuza ng'ombe wake ili duka lisimame, halafu wewe ulifunge kwa kumheshimu? Weka sahihi, baba. Siku jina lake likisomwa, inamisha kichwa kama ulivyozoea alipokuwa akipita, na mshike Getruda mkono, maana yeye ndiye atakayelia.