Picha Yako ya Magwanda

Itumba, Ileje

Mwanangu Ambakisye,

Mimi mzima, mahindi yamebeba. Kuna mama alikuja, anaandika kitabu cha ile vita uliyokodiwa kupigana ng'ambo. Nikafurahi, nikajua wanakusifu. Nikamchinjia kuku, firigisi nikampa yeye, nikamwonyesha picha yako ya magwanda.

Akaacha kula. "Mama, huyu ndiye aliyewafungia wanangu watatu ndani, akachoma nyumba. Wa mwisho alikuwa ananyonya."

Nikabisha sana. Akataja kovu lako la kiganjani, na pichani umevaa glavu.

Baba, nimemwambia unakaa Nanyala. Jumatatu anakuja na polisi. Usikimbie. Jumapili nakuja, nikae karibu yako ukiwajibu.

Ni mimi mama yako, bado nakupenda,
Jenista