Bibi Alikuwa Mwigizaji

Shikamoo Bibi,

Nimekaa kwenye kiti chako barazani, hapa Lemara. Mawingu yameondoka na mlima unaonekana wote, kama ulivyopenda.

Siku ya mazishi, mzee wa kanisa alisoma wasifu wako: ulizaliwa Ucheki, ukaolewa na Babu alipokuwa akisoma huko, ukaja Arusha, ukawa mama wa nyumbani. Nikasubiri aendelee, lakini akakunja karatasi. Miaka yako ya jukwaani haikutajwa. Wala zile filamu ulimoonekana mara moja moja, mara nesi, mara muuza maua.

Jumapili ndugu walikuja kuchagua maneno ya jiwe la kaburi. Nikaomba liandikwe neno "Mwigizaji". Baba Mdogo akacheka. "We mtoto, mwigizaji gani? Nimemtafuta mtandaoni, hayupo. Mama alikuwa anatutania." Shangazi akadakia, "Na Kiswahili chake kile!" Hata mimi nilicheka kidogo, Bibi, maana hadi mwisho uliwapa shikamoo watoto wa jirani.

Lakini nikaukumbuka mlango wa jikoni. Ulinirudisha pale mara ngapi! Nikiingia na sinia unauliza, "Umetoka wapi?" Nasema jikoni. "Sioni moshi usoni kwako. Rudi." Ulisema ulipewa nafasi ndogo tu maisha yako yote, na mwenye nafasi ndogo lazima aingie na safari yake yote, kwa sababu hapewi muda wa kuieleza.

Basi nikainuka, nikaenda jikoni, nikapanga vikombe kwenye sinia. Niliingia kama yule nesi wako wa kwenye filamu, anayejua mgonjwa amefariki, lakini anaanza kwa kuwapa ndugu chai. Niliweka kikombe mbele ya Baba Mdogo, nikageuza mkono wa kikombe umwelekee yeye, taratibu, halafu nikashindwa kumtazama usoni.

Shangazi akaweka kalamu chini.

"Ndivyo alivyoingia siku baba yetu alipofariki," Baba Mdogo akasema. Sauti yake haikuwa ile ya kucheka. "Alituwekea chai hivihivi. Hakusema neno, na sote tukajua." Alikishika kile kikombe muda mrefu bila kunywa. Kisha akamwambia Shangazi, "Andika. Mwigizaji."

Fundi wa Ngarenaro anaanza kuchonga kesho, nami nitakuwepo mpaka amalize.

Na shuleni nimepata nafasi kwenye mchezo wa kufunga muhula. Ni mwanamke anayeleta maji, anaweka ndoo, anaondoka. Wenzangu wananihurumia. Mimi simhurumii yule mwanamke. Nimeshaanza kufikiri maji ameyachota wapi, na nani amemngojea njiani. Nakuahidi, sitaingia mikono mitupu hata siku moja.

Pumzika, Bibi, hapo mgombani karibu na Babu. Nikija na maua, hutahitaji kuniuliza nimetoka wapi. Utaona.

Mjukuu wako,
Neema