Kibwana Hataki Kuitwa Kibwana

Kang'ata, Handeni,
Mwezi wa Sita, 1975

Kwa kaka yangu Isihaka,

Shikamoo kaka. Natumaini barua hii itakukuta mzima huko Mwanza, wewe na wifi Zamda na watoto, na kwamba kile kifua kilichokuwa kikikusumbua kwa vumbi la pamba sasa kimetulia. Sisi huku tu wazima kwa uwezo wa Mungu, ukiacha njaa, ambayo hatuihesabu tena kuwa ni habari. Masika ilikuja, ikachungulia, ikaondoka. Tunakula unga wa njano wa serikali, ule ambao watu wameupa jina la Yanga, na watoto wameuzoea kiasi kwamba siku wakiona ugali mweupe watauliza umeugua nini. Mama anakusalimu sana. Miguu inamuuma, lakini ulimi bado anao, na unafanya kazi kuliko miguu yetu sote.

Nakuandikia hasa kwa ajili ya mdogo wako Kibwana. Katika barua yako uliniuliza ni nani huyu Azimio Mapambano aliyekuandikia akakuita kaka, maana ulidhani ni mtu amekosea anwani. Hakukosea anwani. Ni yeye. Amelitupa jina lake kama mtu anavyotupa ganda la muwa, akajipa hilo. Mkewe, wifi yangu Mwatumu, kila akijaribu kulitamka huishia katikati, kwa hiyo siku hizi anamwita Baba Fatu tu ili mambo yaishe.

Ilianza aliporudi kutoka kwenye ile semina ya siasa ya miezi mitatu. Alikwenda akiwa bwana shamba, mtu mpole anayejua magonjwa ya mihogo. Alirudi na suruali mpya, na kalamu mbili mfukoni, na hataki mtu amwite bwana shamba. Alisema nchi hii haina mabwana tena, kwa hiyo aitwe ndugu shamba. Watu wakamwita ndugu shamba, kwa nini wasimwite, mbegu anazo yeye. Baadaye akagundua kwamba hata jina lake mwenyewe lina bwana ndani yake, na tena bwana mdogo, kitu ambacho kwa maoni yake ni kibaya zaidi, kwa sababu ni mtumwa anayetamani kuwa bwana. Hayo alimwambia mama akiwa amekalia kigoda cha mama, akila kunde za mama. Alisema jina hilo ni aibu ya kikabaila na alishangaa ni nani aliyempa. Mama alimwongezea kunde.

Laiti angeishia kwa jina lake. Mwezi wa pili alitumwa hapa kijijini aje atufundishe kupanda mtama kwa mistari. Unajua tangu tulipohamishiwa hapa mwaka jana tumechanganyika na watu wa kila upande, hata jirani yako humjui alikuwa akilala wapi. Basi ndugu yako akaona mtama unaweza kungoja. Aliwakusanya watu wazima uwanjani kwenye jua, akasema kila mmoja asimame, ataje jina lake na la baba yake, aseme na maana yake, kisha yeye atatueleza ni lipi la kujenga taifa na ni lipi la kubomoa. Nakuapia kaka, nilitamani ardhi inimeze, na tumbo nililokuwa nalo lingenisaidia kuzama haraka.

Akasimama bibi Semeni, yule mwenye ngozi moja ya mbuzi anayoikalia kila mahali. Akaeleza kwamba mama yake alikaa miaka mingi bila mtoto, majirani wakasema wee mpaka wakachoka, na alipojifungua akamwita mtoto Semeni, ili waendelee kusema sasa kama wana la kusema. Watu wakacheka kwa furaha. Ndugu yako hakucheka. Alisema hilo ni jina la ugomvi na kuanzia siku hiyo bibi aitwe Umoja. Bibi akamwambia anaweza kumwita apendavyo, lakini yeye hataitika. Akasimama Matayo fundi seremala, akaambiwa ana jina la wakoloni. Matayo akasema kwa adabu kwamba Matayo hakuwa Mzungu, alitoka nchi ileile alikotoka Isihaka, ambaye yumo kwenye kitabu chake na cha Waislamu pia, sasa kama Isihaka ni jina la wakoloni basi kaka mkubwa wa Bwana Mapambano naye ni mkoloni. Wewe hukujua kwamba ulitetewa uwanjani kwetu na Mkristo. Ndugu yako akajibu kwamba suala hilo litatazamwa. Hiyo ndiyo kauli yake kila anaposhindwa.

Kisha ikafika zamu ya Nailantei. Huyu ni mke wa Tiampati; wao ni wafugaji wa Kimasai waliokuwa wamejenga boma lao pembeni ya kijiji. Ng'ombe wao walikuwa wamekonda kama sisi, lakini kila asubuhi Nailantei alinipitishia kibuyu cha maziwa kwa sababu aliona hali yangu, na hakuwahi kuniuliza nitampa nini. Alisimama akataja jina lake kwa sauti. Alipoulizwa jina la baba yake akanyamaza. Akaulizwa tena, akatazama chini. Ndugu yako akawageukia watu akitabasamu, akasema:

"Mnaona? Huyu hana baba."

Baadhi ya vijana wakacheka. Tiampati akasimama, akaeleza taratibu kwa Kiswahili chake kwamba baba wa mkewe amefariki, na kwao jina la marehemu halitajwi, na mwana hasa ndiye asiyeruhusiwa kulitaja. Mtu yeyote mwenye akili angeomba radhi. Huyu wetu alisema ushirikina huo ndio unaoturudisha nyuma, na akamwamuru Nailantei alitaje hapo hapo mbele ya wananchi. Yule mama alimtazama usoni, akainama akaokota kibuyu chake, akaondoka. Tiampati akamfuata. Wiki haikwisha, boma lao likawa tupu. Wamehamia mbugani na mifugo yao, na maziwa yangu yamekwenda nao, na mtama kwa mistari hatujafundishwa mpaka leo.

Mama alikuwepo uwanjani. Alirudi nyumbani bila kusema neno, na mimi nilimfuata nyuma nikisema kwa niaba yetu wote wawili. Nilimwita ndugu yako kila jina ambalo halimo kwenye semina yao. Mama aliniacha nimalize, kisha akaniambia niketi, ana jambo ambalo hajawahi kumwambia mtoto wake yeyote kwa sababu baba alimwomba asiseme, na sasa baba yuko kwa Mungu na yeye amechoka.

Kaka, umewahi kujiuliza kwa nini hatuna hata ndugu mmoja wa kumtembelea Mpale, wakati wewe ulizaliwa kule? Kwa nini baba alikuwa hapendi kuvuka kwenda upande wa Korogwe? Sababu ni hii. Wakati wa vita ya pili ya Mwingereza na Mjerumani, wewe ukiwa bado unanyonya na mama akiwa na mimba ya Kibwana, walipita watu wa jumbe wakikusanya wanaume kwa lazima kwenda kukata mkonge. Walikuwa na jina la Sadala, yaani la baba. Baba alikuwa ndani, donda limekula mguu wake, hawezi kusimama. Mama alikuwa na mdogo wake wa kiume mmoja tu, kijana ambaye hajaoa, anakaa nao hapo hapo. Wale watu walikuwa na jina, hawakuwa na sura. Walipoita "Sadala ni nani?" yule kijana akatoka uani akifuta mikono yake, akasema:

"Sadala ni mimi."

Akaondoka nao. Mama anasema hakugeuka nyuma, labda aliogopa akigeuka mama atamwita kwa jina lake.

Kabla mimba haijafikia mwisho ikaja habari kutoka shambani. Sadala amekufa kwa homa, amezikwa hukohuko. Mama aliipokea habari ya kifo cha mumewe, na mumewe amekaa nyuma ya mlango anaisikiliza. Ikabidi alie. Wanawake wa Mpale walikuja wakalia naye, wote wakimlilia Sadala, na mama naye akimlilia Sadala kwa sauti, na yule anayemlilia hasa hakuweza kumtaja hata mara moja. Angemtaja, wangejua baba yu hai, wangemchukua yeye na donda lake. Usiku mmoja waliondoka wakaja huku Handeni, ambako hakuna aliyejua kwamba Sadala ni marehemu. Mtoto alizaliwa huku. Mama alisema ndugu yake alikwenda kaburini na jina la mtu mwingine, na lake likabaki limelala tu bila mtu. Kwa hiyo alimpa mtoto ili apate nafasi ya kulitamka kila siku.

Mjomba wetu aliitwa Kibwana.

Mama alinituma nikamwambie mwenyewe. Nilikwenda ofisini kwake Handeni mjini kwa miguu nikiwa na tumbo langu, na nakiri kwamba njia nzima nilikuwa nafurahi, nikipanga jinsi nitakavyomvunja. Nilimkuta mezani anapiga muhuri. Alinikaribisha kama mwananchi. Nikamweleza yote kwa utaratibu, bila kumpunguzia. Alipofika mahali pa kusema suala hilo litatazamwa, hakusema. Aliniuliza kaburi liko wapi. Nikamwambia liko chini ya mkonge, akatafute. Baadaye nilisikia kwa Mwatumu kwamba alikwenda kweli, akapita Korogwe ya zamani akiulizia wazee waliowahi kufanya kazi mashambani, akaonyeshwa mistari ya mkonge inayofanana, akazunguka humo mpaka viatu vyake vya semina vikafunguka soli. Hakupata kitu. Na hata angepata mtu wa kumkumbuka, angemkumbuka Sadala.

Sasa nikupe habari ambayo sikukuandikia mapema kwa kuogopa kuisema kabla ya wakati, kwa sababu ya wale wawili niliowapoteza. Nimejifungua salama, mtoto wa kiume. Baba yake, Hiza, alitaka kumpa jina la upande wao, lakini mama alikuja siku ya kumtoa mtoto nje, akamwomba. Alisema jina la ndugu yake limerudishwa, na hawezi kuliacha lilale tena. Hiza ni mtu mwema, alikubali kabla mama hajamaliza kusema.

Ijumaa iliyopita, jua likielekea kuzama, nilikuwa ndani na mama, mtoto yuko mapajani mwake, tukasikia hodi. Mama akauliza ni nani. Akauliza tena.

"Ni mimi, mama."

"Mimi nani?"

Kaka, nilimwona kupitia upenyo wa mlango. Alikuwa na vumbi mpaka kwenye nyusi, zile kalamu hazipo. Nilijua lile jina lake refu limemfika kooni na halipiti. Mwisho akasema kwa sauti ndogo, kama anaomba kitu cha mtu:

"Kibwana."

Mama alimfunika mtoto vizuri.

"Kibwana amelala," akasema. "Usimwamshe."

Hakuwa na hasira, ndilo lililonitisha. Ndugu yako alikaa chini pale pale nje ya mlango, na mimi, niliyekuwa nimeweka kicheko changu tayari tangu mwezi wa pili, sikukiona kilipo. Nilimpelekea maji. Usidhani namwonea huruma, bado ni mpumbavu, na maziwa yangu sijayasahau. Lakini nilipompa kata ya maji sikujua nimwite nani, nikasema tu, chukua.

Mama anataka tumsomee mjomba hitima kwa jina lake mwenyewe, mbele ya watu, na anataka wewe uwepo, wewe ndiye mkubwa. Omba ruhusa kazini uje. Msalimie wifi Zamda na watoto wote kila mmoja kwa jina lake, majirani wanaotufahamu, na wote watakaouliza habari zetu. Hiza anakusalimu. Mpwa wako naye anakusalimu, kwa kulia.

Mungu akulinde mpaka tutakapoonana.

Ni mimi mdogo wako,
Mwaija Sadala