Maiti Niliyoigiza Mfaranyaki

Judica, pokea simu! Haya, basi soma.

Nimejifungia kwenye chumba cha kubadilishia nguo, hapa ukumbini Mfaranyaki.

Si unajua igizo langu jipya linaanza mimi nimelala katikati kama maiti, nimefunikwa shuka? Nilikataza mtu yeyote asitangaze kitu. Nilitaka watu washtuke. Wameshtuka!

Kina mama waliotangulia kuingia wakavua ndala, wakakaa chini, wakaanza kulia. Kulia kweli! Mimi nikajua wamelielewa igizo. Kumbe wamedhani nimekufa kweli, na mmoja wao ameshampigia mama simu.

Mama, Judica! Mama ambaye hajawahi kuja kuniona nikiigiza, miaka yote hii!

Kaja na bodaboda kutoka Matogoro, peku. Akaniangukia kifuani. "Careen mwanangu, si ungening'ang'aniza tu, ningekuja!" Anarudia hilohilo. Ningekuja, ningekuja.

Nikaamka. Ukumbi mzima mayowe. Mama akanizaba kibao, nikaona nyota.

Halafu akavuta kiti, akakaa mbele kabisa. "Haya, maliza. Si nimeshafika?"

Bado yuko pale, ananisubiri. Na mimi sikumbuki hata neno moja nililoandika.