Neno Lililobandikwa Kwenye Kopo

Shangazi,

Shikamoo. Naiandika hivyo hivyo ingawa wa kuniitikia hayupo, kwa sababu tangu nipate akili sijawahi kuanza kuzungumza nawe bila hiyo.

Nina habari. Lile neno limeondolewa. Wiki hii tumeletewa makopo mapya ya kuchukulia mkojo, maboksi kwa maboksi, na karatasi iliyobandikwa ubavuni haisemi tena TASA. Inasema: "Chombo kimetakaswa. Hakina kijidudu hai. Usikifungue kabla ya kutumia." Nilisimama stoo nikasoma kopo la kwanza, nikasoma la pili, kana kwamba la pili lingesema vingine. Halafu nikakaa juu ya boksi nikalia. Mwenzangu alidhani nimeletewa habari ya msiba. Nikamwambia hapana, msiba ulishapita, hii ni habari njema na mwenyewe hayupo kuisikia.

Wanafunzi wa mafunzo kwa vitendo waliokuja baada yako hawakujui. Waliniuliza kwa nini nalilia makopo. Nilijaribu kuwaeleza, sikufika mbali. Ndiyo maana nakuandikia mambo ambayo unayajua. Nataka niyapange kwanza mbele yako, ili nikisimama mbele yao yasinipotee.

Nitawaambia kwanza ulikuwa nani. Dada wa baba yangu, mzaliwa wa Malindi yetu ya milimani Lushoto, si ile ya pwani, msichana wa mashamba ya karoti na njegere kama sisi sote. Uliolewa kijiji cha Mnazi, kule tambarare, ukateremka kwenye joto ambalo hukulizoea, ukakaa kule miaka bila kupata mtoto. Watu wa kule wakaacha kukuita jina lako. Ulinisimulia hayo tukipalilia, mimi nikiwa bado nasoma sekondari, na hukunung'unika hata kidogo. Ulieleza kama mtu anayeeleza njia aliyopita, hapa pana kona, hapa pana tope. Mume alipooa mwingine ulirudi mlimani na godoro lako na sanduku moja. Watu wa kijijini walitegemea ujifungie ndani. Wewe ukarudi shule. Ukasoma maabara, ukaajiriwa hospitalini Lushoto, na ukadumu pale mpaka hata madaktari wakikukuta koridoni walikuwa wanakupisha.

Mimi nilikufuata kwenye fani hiyo hiyo. Nilipofika kwako kutoka chuoni nilijiona nimeiva. Siku ya kwanza ukaniuliza nini maana ya steraili. Nikakujibu kwa ile sentensi ya darasani, ya Kiingereza, bila kukosea. Ukasema vizuri, sasa nieleze kama unamweleza bibi. Nikafikiri, nikasema ni kitu kilicho safi sana. Hukunicheka. Ulinipa kikombe cha kunywea chai, ukaniambia nikakioshe mpaka niridhike.

Nilikiosha kwa sabuni, nikakisuuza kwa maji ya moto, kikang'aa. Ukanipa kijiti chenye pamba, nikapangusa ndani ya kikombe, nikapaka kwenye sahani ya kuoteshea vijidudu. Kijiti kingine ukaniambia nipanguse ndani ya chupa iliyotoka kwenye ile mashine ya mvuke, otoklevu, nikapaka kwenye sahani ya pili. Tukaziacha kwenye joto mpaka kesho yake. Sahani ya kikombe changu ilikuwa na vidoa vyeupe, vya njano, na kimoja chenye manyoya kama ukungu wa mkate. Ya pili haikuwa na kitu.

"Safi ni kwa ajili ya macho," uliniambia. "Steraili si kazi ya macho. Ama kuna kitu kinachoishi humo, ama hakuna. Hakuna steraili kidogo."

Halafu ukaongeza jambo ambalo chuoni sikulisikia. Kwamba hali hiyo haidumu. Ukifungua kifuniko, hewa imeingia, imekwisha, hata kama umefungua kwa sekunde. Kwa hiyo neno hilo halielezi kopo tu, linaeleza pia mkono unaolishika na jinsi unavyolishika. Nimefanya kazi miaka na sijapata maelezo mazuri kuliko hayo.

Kisha yakaja yale makopo. Uliyafurahia, nakumbuka. Zamani wagonjwa walileta mkojo kwenye chupa za kila aina, na sahani zetu zilikuwa zinaota kila kitu kilichowahi kuishi kwenye chupa hizo. Sasa kila mgonjwa angepata kopo lake lililofungwa vizuri. Aliyetafsiri maandishi alitafuta Kiswahili cha steraili akapata tasa, akaliandika kwa herufi kubwa. Kwa chombo, halikuwa kosa. Sisi wenyewe tuliligawa siku kadhaa bila kulitazama vizuri. Nadhani wewe uliliona siku ya kwanza.

Ndipo akaja Naomi. Binti wa watu wa Shume, alikuwa na ujauzito wake wa kwanza baada ya kungoja muda mrefu, na daktari alimtuma kwetu apimwe mkojo kwa sababu ya homa na maumivu ya mgongo. Alifuatana na mama mkwe wake, mama mmoja mrefu aliyejifunga kitenge juu ya sweta. Mimi ndiye niliyekuwa dirishani. Nilimpa Naomi kopo, na mama mkwe akalichukua kabla yeye hajalishika, akalisoma kwa sauti. Tasa. Akaliweka juu ya meza taratibu, kama mtu anayeweka kisu. Akasema mkwe wake ana chupa yake ya asali, imeoshwa kwa maji ya moto, atatumia hiyo. Nikasema chupa ya asali haifai. Akasema basi, wanakwenda zao. Akamshika Naomi mkono wakatoka, na wenzangu wawili nyuma yangu wakaanza kucheka.

Wewe hukucheka. Ulivua glovu, ukanawa mikono, ukachukua lile kopo ukawafuata nje. Nami nikakufuata.

Uliwakuta getini, wanangoja pikipiki. Ulimwamkia yule mama shikamoo, akaitikia bila kukutazama. Mlizungumza Kishambaa, nami wanafunzi nitawaelezea kwa Kiswahili. Ulimwambia kwanza kwamba chupa yake ni safi na wewe mwenyewe ungeinywea maji, lakini kijidudu kimoja cha kwenye chupa kinaweza kutudanganya, tukadhani ndicho kinachomuumiza mkwe wake, akapewa dawa isiyomfaa. Alikusikiliza. Halafu akasema lililokuwa moyoni.

"Huyu amehangaika mpaka akaipata hii mimba. Siwezi kumshikisha neno hilo."

Nilidhani utamweleza maana ya kitaalamu.

"Mama, neno hilo nalijua kuliko wewe," ulisema. "Niliitwa nalo kule Mnazi, na mtoto sijampata mpaka leo. Lakini halikuniingia kwa kushika kopo. Makopo nimeanza kuyashika baadaye."

Yule mama alirudi nyuma hatua. Aliitazama mikono yako. Niliona, na najua wewe uliona, kwamba sasa tatizo halikuwa tena kopo, tatizo lilikuwa wewe. Ningekuwa mimi ningeificha mikono yangu nyuma. Wewe hukuiondoa. Ulitoa kalamu mfukoni, ukaandika jina la Naomi kwenye kipande cha plasta, ukakibandika juu ya lile neno, ukasema kopo hili sasa ni la mtu na lina jina lake. Kisha ukabaki umelinyoosha, unangoja.

Naomi alikuwa hajasema kitu tangu wafike. Alikuwa ameegemea geti, jasho linamtoka kwenye baridi ile.

"Mama, mgongo unaniuma," alimwambia mkwewe. "Acha anipe."

Akalipokea kutoka mkononi mwako. Mama mkwe hakumzuia.

Sahani yake tuliisoma pamoja kesho yake. Iliota aina moja tu ya bakteria, imetanda kila mahali, hakuna kingine kilichochanganyika nayo. Ulinigeukia ukaniambia hiyo ndiyo faida ya kopo lisilo na kitu: likirudi na kitu, unajua kimetoka kwa mgonjwa. Tukaweka juu yake vile vipande vidogo vya karatasi vyenye dawa mbalimbali kuona ipi inawashinda bakteria hao, na dawa aliyokuwa ameanza nayo Naomi ilikuwa haiwafanyi lolote. Daktari akaibadilisha, akampa inayofaa kwa mjamzito. Homa ikashuka. Mimba ikabaki. Wakati wa mvua za vuli alijifungua mtoto wa kiume, salama, na yule mama mkwe akateremka kutoka Shume na kapu la plamu. Alikuja dirishani akauliza yule mama wa makopo yuko wapi. Ulipotoka alikushika mikono yote miwili. Hakuiachia haraka. Sikusikia alichokuambia, na wewe hukunieleza, na mimi sikuuliza.

Ulipoomba neno libadilishwe, waliokaa nawe kikaoni hawakukudharau, lazima niseme kweli. Walikusikiliza, wakasema kamusi inalikubali, na ni kweli inalikubali. Ukawaambia hata wewe hulikatai. Kwenye kopo lina sifa nzuri. Linasema humu hamna uhai usiotakiwa. Shida ni kwamba watu walishalitumia kwa wanawake kabla halijafika kwenye kopo, na mgonjwa akilisoma analisikia kule alikolizoea. Walisema watalipeleka juu. Ulirudi maabara ukawa kila asubuhi, kabla dirisha halijafunguliwa, unabandika plasta juu ya neno, kopo baada ya kopo. Ulifanya hivyo mpaka ulipougua. Sisi tukaendelea.

Ulivyoondoka ni haraka mno, Shangazi. Presha ilipanda Jumamosi, na Jumapili tulikuwa tunakuzika Malindi. Hata sijui... Kuna maneno nilikuwa nimekuwekea. Basi. Baba amelima kipande chako, amepanda kabichi, na amekataa kabisa kung'oa ule mpea wako usiozaa vizuri. Bibi bado anauliza utakuja lini, kisha anakumbuka mwenyewe. Kiti chako maabara wamenipa mimi. Wiki za mwanzo nilikuwa nafanya kazi nimesimama.

Kuna jambo jingine, na hili sitawaambia wanafunzi. Unajua nimeolewa mwaka wa nne sasa. Ukiwa hai sikuwahi kulizungumza na wewe, na wewe kwa heshima yako hukuniuliza. Nikienda kwa wakwe wananitazama tumbo kabla hawajanitazama usoni. Mwezi uliopita wifi yangu alinisalimia kwa Kishambaa, onga mshi, nikaitikia, na alipodhani nimeshapita akalitamka lile neno kwa jirani yake. Nililisikia vizuri. Nilitembea mpaka nyumbani nikiwa sioni njia.

Lakini nilipofika nilikukumbuka ukiwa pale getini. Mwanamke mzima, na koti lake jeupe, anatamka jambo lililomuuma kuliko yote mbele ya mtu asiyemjua, ili binti wa watu apate kipimo. Hukulitamka ili uonewe huruma. Ulilitamka kwa sababu lilikuwa linahitajika kazini, kama unavyochukua kifaa kabatini. Nimejiuliza umepata wapi nguvu hiyo, na sijapata jibu. Ninachojua ni kwamba niliiona kwa macho yangu, kwa hiyo siwezi kusema haipo.

Mume wangu ananisindikiza kwa daktari wiki ijayo. Tumekubaliana twende wote wawili tupimwe, yeye na mimi. Majibu yoyote yatakayokuja nitayasoma kama ulivyonifundisha kusoma sahani: kilichoota kimeota, na ambacho hakikuota si aibu ya sahani.

Nakuahidi mambo mawili, Shangazi. La kwanza, wanafunzi hawa wataijua maana ya steraili kwa kikombe na kijiti kabla ya kuijua kwa sentensi, na watajifunza kuuliza neno linasikikaje upande wa pili wa dirisha. La pili, nikiulizwa getini, au kwa wakwe, au popote, nitajibu nikiwa nimenyanyua uso.

Mwenyezi Mungu akulaze panapokustahili. Ukungu umeanza kupanda kutoka bondeni, nasikia watu wameshapanga foleni nje, na sahani za jana ziko tayari kusomwa. Naenda kazini.

Mimi mtoto wa kaka yako,
Zaina